Udongo Mchachu

Kemunto, mia mbili zako bado ninazo.
Nimezifunga kwenye pindo la leso
kama ulivyoifunga wewe mizizi kwa gunia,
ukaniambia, "Chukua, utalipa ukipita."
Nilipita.

Nilipita Jumatatu, na kando ya barabara ya Ngong
hapakuwa na kitalu, hapakuwa na mtu;
palikuwa na utepe wa njano, trekta moja limezimwa,
na sufuria yako ya uji imepinduliwa
juu ya mche wa parachichi uliokanyagwa.
Mlinzi akasema, "Walipewa ilani,"
kana kwamba ilani ni mahali mtu anaweza kuhamia.

Sitakuficha, nilikuja kugomba.
Azalia uliyoniuzia ilikuwa imegeuka manjano,
mishipa kijani, nyama ya jani kama macho ya mwenye homa,
nami nilikuwa nikiinywesha kila asubuhi
maji yaleyale tunayonunua kwa mtungi,
maji ya kisima yanayoacha utando mweupe birikani
na kahawia kwenye meno ya watoto.

Nilipoinua kopo kulitupa, nikaona mwandiko wako,
wino mzito, herufi kubwa, huko chini kwenye kitako:
USINIPE MAJI YA KISIMA. NGOJA MVUA.
NAPENDA UDONGO MCHACHU.
MAJANI YA CHAI YALIYOPOA, BILA SUKARI.
Uliandika kwa nafsi ya mmea, Kemunto,
ukasahau kuandika namba yako.

Basi nikaanza kuomba makapi.
Orofa ya nne hadi ya chini, Kawangware,
bakuli mkononi: "Mna majani ya chai mnayomwaga?"
Walikuwa nayo tele, yamechemshwa na maziwa,
yamelowa sukari, sisimizi wakanifuata ngazini.
Hayo hayafai. Nilitaka ya turungi.
Na hapo ndipo nilipolijua jengo letu:
anayekunywa turungi hasemi.

Mama Khavugwi, mwenye mapazia ya bei,
mwenye kicheko kinachovuka kuta mbili,
alinifungulia mlango upana wa kiganja
akanipa makapi meusi, masafi, ya siku tatu.
"Daktari kanikataza maziwa," akasema.
Nikasema, "Siku hizi wanakataza wengi."

Kila Jumamosi nikamwachia paketi mbili mlangoni.
"Bei ya makapi," nikamwambia. "Ua halipendi deni."
Juma la tatu makapi yakaja yamepauka,
yananuka maziwa.
Nikayamwaga. Sikumwambia.
Azalia ikangoja mvua.

Nayo haipandi juu, mmea huu.
Mwaka unaisha, haijafika gotini.
Dada yangu aliitazama akauliza kama imedumaa,
huku mpapai wa jirani, wa juzi tu, ukigonga dirisha la pili.
Yenyewe inajitanua chini chini,
kitawi kwa kitawi, kama mtu anayesogea kwenye benchi
kumpa mwingine nafasi.

Kisha Julai.
Ukungu umekaa juu ya mabati hadi saa sita,
nguo siku ya tatu kwenye kamba bado zinanyonya kidole,
sweta juu ya sweta, kila kinywa kinalaani baridi,
na azalia ikafungua.
Maua kumi na saba, rangi ya ndani ya shavu.
Nimeyahesabu mara mbili; moja lilijificha nyuma ya jani.

Mama Khavugwi alipanda ngazi zote kuja kuona.
Akaketi juu ya ndoo iliyofunikwa, akapumua, akanyamaza sana.
"Kumbe ni kitu kifupi hivi," akasema mwishowe.
Akaomba kikombe cha chai.
Nikamuuliza ya nini, akasema yoyote,
nikapika turungi, tukanywa wote wawili,
na makapi tukayaacha yapoe.

Nasikia kuna wauza miche wapya
barabara ya Limuru, pale inapoteremka bondeni.
Jumapili nitakwenda. Nitatazama vitako vya makopo,
kimoja kimoja, wanifukuze wakitaka.
Leso ni ileile, ya zambarau.
Fundo sijalifungua.